Nani Anakujua? Buku, Mashahidi na Pensheni katika Bonde la Ruzizi

Ukitafuta mwanzo wa karatasi za utambulisho katika nchi iliyo kati ya Uvira na Kamanyola, mashariki mwa Kongo, utaufikia kwenye kodi. Amri za Wabelgiji za 1910 ziliwagawa watu katika shefri, kila moja na chifu wake, na kumtoza kila mwanamume mzima kodi ya fedha. Aliyetaka kukaa nje ya shefri yake zaidi ya siku 30 alitakiwa kuwa na pasi. Baadaye likaja lile lililoitwa buku, kijitabu cha utambulisho chenye jina, kijiji, kabila, chifu, na kurasa za kuandika kodi iliyolipwa. Ng'ambo, Kenya, Waingereza walifanya jambo hilohilo kwa kipande, ambacho Mwafrika alikivaa shingoni ndani ya kikopo cha bati tangu miaka ya 1920. Vyombo hivi vilitofautiana kwa umbo, lakini kazi yao ilikuwa moja: kumpata mtu anapotafutwa na serikali. Hakuna ukurasa hata mmoja uliowekwa ili mtu naye aipate serikali. Ninadai hapa kwamba mwanzo huo haujafutika. Mzee wa Runingu, kijiji cha bonde hili, anapopeleka faili lake la pensheni leo, anaombwa athibitishe haki kwa ukoo wa karatasi uliozaliwa kuthibitisha deni, na pale karatasi zinaposhindwa, kinachomwokoa ni kitu kikongwe kuliko zote, yaani kinywa cha jirani.

Wanawake wanaonyesha jambo hili waziwazi kuliko wanaume. Katika kodi ya Wabelgiji mwanamke hakuwa mlipaji, kwa hiyo hakuwa na sababu ya kuandikwa. Mke wa kwanza hakuonekana kabisa katika hesabu. Mke wa pili alionekana, kwa kuwa mwanamume mwenye wake wengi alitozwa kodi ya ziada kwa kila mke aliyezidi mmoja. Kisha amri ya Aprili 1950 ikapiga marufuku ndoa mpya za wake wengi kuanzia 1951, na mke wa pili aliyeolewa baada ya hapo akawa mtu ambaye sheria haimjui, ingawa kijiji kizima kilikula harusi yake. Basi serikali ilimhesabu mwanamke alipoleta fedha, na ikaacha kumhesabu alipoanza kuwa na madai. Huenda hakuna karani aliyekusudia hivyo. Rejista hurithi nia ya mwanzo hata waandishi wakibadilika.

Deni lilianza kugeuka 1956, Wabelgiji walipotoa amri ya pensheni kwa wafanyakazi Waafrika, na mwaka mmoja baada ya uhuru, tarehe 29 Juni 1961, Kongo ikaweka mfumo wake wa hifadhi ya jamii uliosimamiwa na taasisi ya taifa, INSS. Sasa, kwa mara ya kwanza, serikali iliahidi kumlipa mtu kwa sababu ni yule aliyefanya kazi ile. Pale kiwanda cha sukari cha Kiliba, kwa majirani wa Runingu, mkata miwa alikatwa mchango katika mshahara wake na jina lake likaandikwa. Lakini liliandikwa jina lipi? Karani wa zamani aliandika jina la ubatizo mbele, na la Kifuliiru au Kivira nyuma, kwa tahajia ya sikio lake la Kifaransa. Mwaka 1972 Mobutu akaamuru majina ya Kikristo yaachwe kwa ajili ya "uhalisi" wa Kizaire, na Joseph akawa mtu mwingine kwenye daftari akiwa bado anakata miwa ileile. Miaka ya 1990 majina ya ubatizo yakarudi. Tarehe ya kuzaliwa nayo ilikuwa neno moja la Kifaransa, "vers", kama kusema alizaliwa yapata mwaka fulani. Vita vya 1996 vikakinyamazisha kiwanda. Sheria ya 15 Julai 2016, ambayo baada yake INSS iligeuka kuwa CNSS, ilipoweka miaka 60 kuwa umri wa kustaafu kwa wanaume na wanawake, ilikutana na wazee ambao maisha yao yameandikwa kwa majina mawili au matatu, umri wa kukisia, na mwajiri aliyenyamaza. Mali bila daftari huisha bila habari, wahenga walisema. Hapa daftari lilikuwapo, ila lilimjua mtu mwingine.

Mtu angedhani kitambulisho cha taifa kingefunga mjadala. Tatizo ni kwamba kwa miongo kadhaa nchi haikuwa nacho. Sensa ya mwisho ya Kongo ilifanyika 1984, na vitambulisho vya raia vya enzi ya Zaire vilizeeka pamoja na dola iliyovitoa. Kilichoziba pengo ni kadi ya uchaguzi. Tume ya uchaguzi ilipoandikisha watu zaidi ya milioni 25 mwaka 2005, sheria iliiruhusu kadi hiyo isimame kwa muda badala ya kitambulisho, na muda huo umekuwa mrefu kuliko utawala wa marais wengi. Kwa mara nyingine, mtu alipewa karatasi kwa sababu dola ilihitaji kitu kutoka kwake, safari hii kura. Matokeo yake ni ya ajabu kidogo. Askari na polisi, ambao sheria haiwaruhusu kupiga kura, hawakuwa na nafasi katika rejista iliyogeuka kuwa rejista ya taifa. Kijana asiyefika umri wa kupiga kura hakuwa mtu. Na uandikishaji wa 2022 na 2023 ulipotoa kadi ambazo maandishi yake yalififia mapema, watu wakabaki na vipande vyeupe vya plastiki mfukoni. Wino wa Mungu haufutiki, husema Waswahili. Wa tume ulifutika kabla ya uchaguzi wa Desemba 2023. Hata kadi iliyoandikwa vizuri haina kinga dhidi ya maji. Aprili 2020 mto Mulongwe ulipofurika na kubomoa nyumba katikati ya mji wa Uvira, familia nyingi zilipoteza pamoja na nyumba sanduku la karatasi, ambalo katika nyumba za huku huwa chini ya kitanda.

Cheti cha kuzaliwa kingeweza kuwa msingi imara zaidi, lakini walio nacho ni wachache. Utafiti wa afya na watu wa 2013 na 2014 ulikuta kwamba kama robo tu ya watoto wa chini ya miaka mitano nchini walikuwa wameandikishwa katika etasivili, yaani ofisi ya kuandikisha vizazi, ndoa na vifo. Sheria ya familia ya 1987 iliwapa wazazi siku 30 kuandikisha mtoto, na marekebisho ya 2016 yakaongeza hadi siku 90. Mama aliyejifungulia milimani juu ya Lemera hahitaji kuambiwa kwa nini siku 90 hazitoshi. Aliyechelewa anaelekezwa mahakamani, apate hukumu inayosimama badala ya cheti, au kwa afisa wa etasivili, apate hati ya kujulikana. Hapo ndipo siri ya mfumo wote inapofunuka. Hukumu ile inaandikwa kwa maneno ya mashahidi. Hati ya kujulikana, kama jina lake linavyosema, ni watu kusema wanamjua mtu. Hata kadi ya uchaguzi ya 2005, kwa asiye na karatasi yoyote, ilitolewa kwa ushuhuda wa wakazi wenzake. Kwa hiyo faili linapofika kwenye meza ya CNSS na afisa akataka "kitu kilichoandikwa" badala ya maneno ya watu, anachopokea ni maneno ya watu yaliyopigwa muhuri. Sisemi kwamba muhuri hauna thamani. Ninasema unapata thamani yake kutoka kwa jirani, na ni vibaya kumdharau aliyekukopesha.

Msomaji wa bonde hili ana pingamizi zito hapa, na ana haki nalo. Jirani anayeweza kusema "namjua" anaweza pia kusema "simjui", na katika eneo la Uvira maneno hayo yameua. Sheria za uraia zimehamisha tarehe kama mtu anayehamisha jiwe la mpaka usiku. Katiba ya 1964 ilimtaka mtu awe na mzazi wa kale wa kabila lililokuwapo nchini kabla ya 18 Oktoba 1908. Sheria ya 1972 iliwapa uraia watu wenye asili ya Ruanda-Urundi waliokuwa Kivu kabla ya 1950. Ile ya 1981 ikarudi nyuma hadi 1 Agosti 1885, na ghafla watu waliokuwa raia kwa miaka tisa wakatakiwa kuthibitisha makazi ya mababu katika siku ambayo hata buku halikuwapo. Oktoba 1996 naibu gavana wa Kivu Kusini aliwataka Banyamulenge, jamii ya Watutsi wa jimbo hilo, waondoke nchini, na vita vikafuata. Katika tambarare yenyewe, shefri ya Barundi na ile ya Bafuliiru zimegombania nani ni mwenyeji na nani amekuja. Chifu wa Barundi aliuawa Aprili 2012, na Juni 2014 watu zaidi ya 30 waliuawa katika kijiji cha Mutarule. Unaweza kumwambia mjane wa Mutarule akatafute ushahidi kwa jirani?

Jibu langu lina sehemu mbili, na ya pili hainiridhishi kabisa. Kwanza, ukifuata tarehe zile moja moja utaona zilitungwa Luluabourg na Kinshasa. Jirani wa Sange hakuulizwa kama mwenzake alikuwapo 1885, na asingeweza kujibu. Aliyegeuza swali la "unamjua mtu huyu?" kuwa "unalijua kabila hili?" ni mtunga sheria. Maswali hayo mawili ni tofauti. La kwanza kijiji kinaweza kulijibu kwa uhakika: amelima hapa, amezika mama yake hapa, alikata miwa Kiliba. La pili ni la siasa, na kulitia ndani ya faili la pensheni ni kosa. Sheria ya 2004 haikuliondoa kabila katika uraia, ila ilisogeza kipimo hadi uhuru wa 30 Juni 1960, na kwa ofisi ya mafao hata hicho ni kingi mno: michango ililipwa au haikulipwa. Pili, ni kweli kwamba jirani mwenye chuki atashuhudia kwa chuki. Kwa hiyo ushahidi mmoja wa chifu mmoja hautoshi. Mfanyakazi mwenza, kiongozi wa kanisa au msikiti, mwalimu, mtu wa shefri nyingine wasikilizwe, na aliyekataliwa awe na pa kukata rufaa. Hili halitamaliza chuki. Litaizuia isipite kwenye dirisha moja tu.

Pingamizi la pili ni la wahasibu. Watasema: ukiwaamini mashahidi, utawalipa wafu. Hofu hiyo ina msingi. Mapema 2023 Ukaguzi Mkuu wa Fedha ulitangaza kuwa katika orodha za mishahara ya watumishi wa serikali kulikuwa na watu zaidi ya 145,000 wenye nambari za matrikili zisizo sahihi au za kubuni. Tuitazame takwimu hiyo kwa makini, maana inafundisha kinyume cha inavyodhaniwa. Watu hao hewa walikuwa na kila kitu ambacho mzee wa Runingu hana: nambari, mstari kwenye orodha, malipo yaliyopitishwa. Walichokosa ni mtu anayewajua. Wizi mkubwa hutengenezwa ndani ya orodha, na ofisi zilizo na orodha. Kijiji ndicho kisichoweza kudanganywa kwa urahisi kwamba fulani yu hai, kwa kuwa ndicho kilichochimba kaburi. Mashine za alama za vidole zinasaidia kuzuia mtu mmoja asiandikwe mara mbili, na katika hilo ninazikubali. Lakini zina upofu wao. Nchini India, ambako mradi wa Aadhaar umewapa watu zaidi ya bilioni moja nambari moja kwa alama za vidole na macho, wazee na vibarua wamekwama kwenye maduka ya mgao kwa sababu ngozi ya vidole vyao imesagika kwa kazi. Aliyeshika panga la miwa kwa miaka 30 ana vidole vya namna hiyo hiyo.

Ofisi ya taifa ya kutambua watu, ONIP, iliundwa 2011. Rais Tshisekedi alikabidhiwa kitambulisho cha kwanza tarehe 30 Juni 2023, na mwaka uliofuata mkataba wa kuvitengeneza ukavunjwa. Kila kazi hiyo inapoanza upya, wataalamu wanahitaji mahali pa kuanzia, na pa karibu ni rejista ya wapiga kura, iliyoanzia kwa mashahidi. Wakati huo huo, faili za mafao zinaendelea kufika. Aliye katika pensheni hutakiwa kuthibitisha kwamba bado yu hai, na kwa kawaida hilo humaanisha mtu mzima kusimama mbele ya mtu mwingine. Mjane, ambaye sheria humkatia pensheni ya mumewe akiolewa tena, hutakiwa kuthibitisha kwamba hajaolewa. Hakuna kompyuta ya Kinshasa inayojua jambo hilo. Wanaolijua ni wanawake anaochota nao maji mtoni Runingu, na hati anayoibeba hadi Uvira, hata ikiwa na mihuri mitatu, inasema tu walichosema wao.