Mali bila daftari

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Wiki hii nimemkumbuka Zora Neale Hurston, Mmarekani mweusi. Mwaka 1937 alitoa riwaya ambayo leo inafundishwa vyuoni, lakini alipofariki huko Florida mwaka 1960 alikuwa fukara. Watu walichanga fedha za mazishi, na kaburi likabaki bila alama. Vitabu vyake vilikuwa vimekwisha kutoweka madukani.

Nani alimfufua? Mwaka 1973 mwandishi Alice Walker alikwenda kulitafuta kaburi hilo kwenye magugu, akaliwekea jiwe. Hakuishia hapo. Mwaka 1979 alihariri mkusanyiko wa maandishi ya marehemu. Hatimaye, mwaka 1995, Library of America, mfululizo ambao tangu 1982 ulikuwa ukikusanya kazi za waandishi wakubwa wa nchi hiyo, ukamtolea juzuu mbili.

Kwa hiyo, msikilizaji, mikusanyiko hii si mapambo ya kabatini. Ni daftari la taifa, na anayeachwa nje ya daftari hilo huzikwa mara ya pili. Mimi najiuliza: ni wangapi bado wamo kwenye magugu, kwa kuwa hakuna aliyekwenda kuwatafuta?