Picha Bubu za Bara Hindi

Leo tutazungumza habari za senema za kwanza za Bara Hindi, zile zisizokuwa na sauti.

Mwaka 1913 mji wa Mbeya ulikuwa haujajengwa, na huko Iringa Wajerumani walikuwa wakitumia fedha ya rupia. Mwezi wa Mei mwaka huo, watu wa Bombay walionyeshwa picha iitwayo Raja Harishchandra. Aliyeitengeneza ni Bwana Phalke. Yeye alikuwa ametazama senema ya Wazungu juu ya maisha ya Yesu, akajiuliza: mbona Rama na Krishna, miungu ya Wahindu, hawaonekani? Basi akaweka rehani bima yake, akaenda London kununua mashine. Mkewe, Bibi Saraswatibai, alitoa vito vyake, akawapikia wafanya kazi wote, tena akasaidia kusafisha filamu.

Hadithi yenyewe ni ya kale. Mfalme Harishchandra hakuvunja ahadi kamwe. Kwa ajili ya ahadi alimpa mtawa mmoja ufalme wake, akamwuza mkewe na mwanawe, naye akawa mtumishi mahali pa kuchomea maiti. Mtoto akaumwa na nyoka, akafa. Mama alipoleta maiti, mfalme akamdai ada, maana ndiyo kazi aliyopewa! Mwishowe miungu ikamrudishia vyote, na mtoto akafufuka.

Malkia huyo alikuwa mwanamume, Bwana Salunke, mfanya kazi wa mkahawa. Hakuna mwanamke aliyekubali, kwa kuwa kuigiza kulihesabiwa aibu. Mwaka 1917, katika Lanka Dahan, Salunke alikuwa Rama, na Sita mkewe pia. Mume na mke mtu mmoja!

Sasa sikilizeni linalotuhusu sisi. Picha hizo hazikusema. Maneno yaliandikwa katikati ya picha, na watazamaji wengi hawakujua kusoma. Aliyejua alisoma kwa sauti, jirani zake wakasikia. Lakini hao waliosomewa walikwisha ijua hadithi tangu utoto. Nadhani msomaji akikosea jina, alisahihishwa papo hapo.

Jumba la senema la Royal lilipofunguliwa Unguja mwaka 1921, picha zilikuwa bado bubu. Picha ya kwanza ya Kihindi yenye sauti, Alam Ara, ilitoka mwaka 1931. Bwana Phalke alifariki mwaka 1944, na ile Raja Harishchandra yake imebaki vipande tu.