Khiyana ya Ndani na Mgeni Mlangoni: Tarehe ya Enzi tangu Kilwa hadi Mlango wa Ruvuma

Msafiri atokaye Mtwara akielekea kusini, akapita Madimba, ambako siku hizi gesi asilia husafishwa kabla ya kupelekwa Dar es Salaam, kisha akashika njia hadi mlango wa mto Ruvuma, huwa anakanyaga nchi ambayo kwa karne nyingi ilipitiwa na majahazi ya Kilwa yakienda Sofala kufuata dhahabu, na ambayo baadaye ilihesabiwa kuwa milki ya Masultani wa Unguja. Dola zote mbili zilianguka mbele ya mizinga ya Wazungu, na hilo hakuna alikanushaye. Lakini mwenye kuzisoma tarehe zake kwa makini ataona kwamba kabla mgeni hajaingia, palikuwapo mwenyeji aliyekwisha kumfungulia mlango.

Tuanze na Kilwa. Mwishoni mwa karne ya 15, Sultani al-Fudail alikuwa na jina la ufalme, na amri ilikuwa mikononi mwa Amiri Ibrahim. Kwa maelezo ya mwandishi wa Kireno João de Barros, Ibrahim alimuua bwana wake akakalia enzi, lakini hakuwa wa nasaba ya kurithi, wala wakubwa wa mji hawakumridhia kwa moyo mmoja. Vasco da Gama alipofika mwaka 1502 kudai kodi kwa vitisho, Ibrahim alitoa ahadi, akamweka rehani mzee mmoja tajiri, Muhammad bin Rukn al-Din, ambaye Wareno walimwita Ankoni. Kisha akakawia kulipa, kwa kuwa mzee huyo alikuwa rafiki wa marehemu al-Fudail, na kupotea kwake kusingalimhuzunisha Amiri hata kidogo. Mzee alijikomboa kwa mali yake mwenyewe, akarudi mjini akijua alivyouzwa.

Miaka mitatu baadaye, mwezi wa Julai 1505, Francisco de Almeida aliuteka mji, Ibrahim akakimbia, na Ankoni akatawazwa kuwa mfalme. Taji la dhahabu lililowekwa juu ya kichwa chake halikufuliwa kwa ajili yake, kwani lilikuwa zawadi iliyokusudiwa mfalme wa Cochin huko Bara Hindi. Nao Wareno walipata kwa tendo hilo moja mfalme wa kuwatii na nafasi ya kujenga ngome. Haukupita muda mrefu, mtawala mmoja wa bara, aliyekuwa jamaa ya Ibrahim, akamwita Ankoni kwa mwaliko wa urafiki, akamuua kwa hila. Mji ukagawanyika baina ya wafuasi wa mwanawe, Haji Hassan, na wafuasi wa mtoto wa al-Fudail. Biashara ikahama, watu wakahama, na Wareno walipoiacha ngome yao mwaka 1512, Ibrahim alirudi kutawala mji uliokwisha kupoteza utajiri wake wa zamani.

Mambo haya hayakuwa ya Kilwa peke yake. Mwaka 44 kabla ya kuzaliwa Nabii Isa, Juliasi Kaizari aliuawa katika baraza la wazee wa Roma, na miongoni mwa wauaji walikuwamo watu aliokuwa amewasamehe na kuwapa vyeo. Walinena kwamba wanaiokoa jamhuri, na vita vilivyofuata vikaiua jamhuri yenyewe, hata Augusto akapata enzi ya peke yake. Shakespeare alikitungia kisa hicho tamthilia, na Mwalimu Julius Nyerere akaitia katika Kiswahili mwaka 1963. Watu wa pwani, hata hivyo, hawakuwa na haja ya kungoja Roma ili waijue khiyana, kwa maana walikuwa na Fumo Liyongo, shujaa ambaye silaha haikumdhuru isipokuwa sindano ya shaba itiwayo kitovuni, na aliyeitia alikuwa mwanawe wa kumzaa, kwa ahadi ya kuozwa binti wa mfalme. Liyongo alikufa amepiga goti kisimani, upinde mkononi, na watu waliogopa kuteka maji kwa siku kadhaa wakidhani yu hai. Tarehe hutuambia nani aliuawa na mwaka gani. Hadithi hutuonyesha yule mwana akijadiliana na tamaa yake, na ndiyo maana kila kizazi huisimulia upya.

Turejee sasa kwenye Ruvuma na Masultani wa Unguja waliohesabiwa kuwa wenye nchi hiyo. Mwaka 1859, Seyyid Barghash alifanya njama ya kumpindua nduguye, Sultani Majid, akisaidiwa na jamaa ya Al-Harthi, na dada yao mdogo, Salme, akiwaandikia wala njama barua zao. Majid aliokolewa kwa msaada wa manowari za Waingereza, Barghash akapelekwa uhamishoni Bombay. Sultani aliyebaki kitini kwa hisani ya mgeni hawezi kumwambia mgeni huyo hapana. Na Barghash alipotawala mwaka 1870 alirithi kiti pamoja na deni hilo. Mwaka 1877 ikanakiliwa Unguja tarehe ya kale ya Kilwa iliyoandikwa kwa Kiarabu, na Barghash akampa nakala hiyo Balozi John Kirk, Mwingereza aliyemfanya mshauri na rafiki. Ndani yake mlikuwamo habari za Kilwa na wafalme wake, hadi kufika kwa Wareno.

Mwaka 1886 Uingereza na Ujerumani ziliafikiana, bila radhi ya Sultani, kumwachia visiwa, miji michache ya kaskazini, na ukanda wa pwani wenye upana wa maili 10 tangu ghuba ya Tungi, kusini ya mlango wa Ruvuma, hadi Kipini. Mwezi wa Desemba Ujerumani na Ureno zikaufanya mto Ruvuma kuwa mpaka wao, na mwezi wa Februari 1887 Wareno wakaipiga Tungi kwa mizinga na kuitwaa, na Uingereza haikumkinga aliyeitegemea. Barghash alifariki mwaka uliofuata.

Mfano mmoja wa zama zetu hauna budi kutajwa. Tarehe 20 Januari 1964 askari wa Tanganyika waliasi Dar es Salaam, miezi michache baada ya Mwalimu kututafsiria Kaizari, naye akalazimika kuwaita wanajeshi wa Uingereza, dola ambayo utawala wake uliondoka juzi tu. Lakini aliona fedheha kubwa katika jambo hilo, akaitisha mkutano wa nchi huru za Afrika, na kabla ya miezi mingi kupita Waingereza wakapokewa na askari wa Nijeria, na jeshi jipya likaundwa. Yeye aliujua mlango uliofunguka, akaufunga kabla mgeni hajadai ujira.

Haki ndiyo ikingayo dola, kuliko ukuta na taji. Ndugu aliyenyimwa urithi, waziri aliyedharauliwa, na mji uliotozwa bila kusikilizwa, wote wakipata baraza la kusemea dhulma yao nyumbani, hawatakuwa na sababu ya kuipeleka kwa jirani mwenye manowari. Kilwa ilijifunza hayo ikiwa imekwisha kuchelewa, na Unguja ilikuwa na kitabu cha Kilwa mkononi, isijifunze. Sisi tunavyo visa vyote viwili, na hatutakuwa na udhuru.