Mhusika

Katika filamu ya hali halisi inayohusu vita, anayesimama mbele ya kamera aitwe nani? Tukimwita raia, taarifa za habari zitamfungia mkia uleule, "asiye na hatia", kana kwamba lazima asafishwe kwanza ndipo aliliwe. Mhanga ndilo linaloniudhi zaidi. Kujitoa mhanga ni kuchagua, na aliyekatwa mguu na kombora akiwa nyumbani kwake hakuchagua chochote. Manusura ni neno la heshima, ila linamwacha mtu palepale alipoponea chupuchupu, ilhali tangu siku hiyo amelea watoto, amedaiwa kodi ya nyumba, amezeeka.

Nalipendekeza mhusika. Kwa mwanafunzi wa fasihi, ni mtu wa hadithini. Kwa karani, ni mwenye shauri lake: "mhusika afike mwenyewe na vielelezo." Polisi nao husaka "wahusika wa tukio", na hapo neno linageuka kuwa la lawama. Maana hizo mbili za kwanza ndizo ninazozitaka, tena kwa pamoja.

Dieudo Hamadi, mzaliwa wa Kisangani, amezikutanisha katika filamu yake ya mwaka 2020, En route pour le milliard. Inawafuata watu waliolemazwa na Vita vya Siku Sita, pale majeshi ya Uganda na Rwanda yalipopigana ndani ya mji huo wa Wakongo, Juni 2000. Wanapanda boti kwa magongo na miguu ya bandia, wanateremka Mto Kongo kwa takribani kilomita 1,700 hadi Kinshasa, mvua ikiwanyeshea njiani, kwenda kudai fidia. Hao ni wahusika wa ofisini: dai ni lao, nao wamefika wenyewe. Lakini kuna sehemu wanapanda jukwaani na kuigiza yaliyowapata, mbele ya hadhira. Hapo ni wahusika wa hadithini pia, na hadithi wanaishika wao. Kamera inatulia kando yao, haiwaombi machozi.

Neno hili lina madai kwa mtengenezaji filamu. Shauri la mhusika haliamuliwi bila yeye kuarifiwa. Basi aulizwe kabla ya kurekodiwa, aelezwe picha zitaonyeshwa wapi, na akikataa uso wake uonekane, asikilizwe. Mtu anayeonwa kama mhanga tu ni rahisi kusahau kumwuliza.

Februari 2022, Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliyoko The Hague iliiamuru Uganda iilipe Kongo fidia ya dola milioni 325, kati yake milioni 225 kwa madhara waliyopata watu. Wenye kesi walikuwa nchi mbili. Wale wa Kisangani, waliobeba ushahidi katika miili yao, kisheria hawakuwa wahusika.