Kuokoka au Kuokolewa? Mabishano ya Kikalvini na Kiswahili cha Uganda

Mwalimu wa Kiswahili anapofundisha kauli za kitenzi, mara nyingi hutumia mifano ya darasani: dirisha limevunjika, dirisha limevunjwa. Sentensi ya kwanza hainong'oni hata kidogo juu ya aliyevunja. Ya pili inamdai. Hapa Uganda tunayo jozi nyingine, nayo imebeba mabishano ya zaidi ya miaka mia nne katika Ukristo: nimeokoka na nimeokolewa. Makala hii inakusudia kueleza mabishano hayo yalitoka wapi, yaliingiaje Uganda, na kwa nini yanamhusu mwalimu wa lugha hata kama si mtu wa kanisani.

Mbuya ni mahali pazuri pa kuyasikia. Kilima hiki cha mashariki ya Kampala, katika Divisheni ya Nakawa, kinajulikana kwa kambi ya jeshi na hospitali yake, na kwa sababu hiyo Kiswahili ni lugha ya kila siku kwa wakazi wake wengi. Hapo hapo iko parokia ya Kikatoliki ya Bikira Maria wa Afrika, na kuzunguka kilima yako makanisa ya Kiprotestanti na ya kilokole. Mmoja husema "nimeokoka", wa pili "Mungu amenijalia", wa tatu "yote yamepangwa". Kila mmoja, ajue asijue, ameshika upande katika mjadala wa zamani.

Mjadala wenyewe ni huu. Jean Calvin alizaliwa Noyon, Ufaransa, mwaka 1509, na akafa Geneva mwaka 1564. Katika kitabu chake kikuu juu ya dini ya Kikristo, kilichotoka mara ya kwanza mwaka 1536 na kupanuliwa hadi toleo la mwisho la 1559, alifundisha kwamba mwanadamu aliyeanguka dhambini hana uwezo wa kujirudisha kwa Mungu. Mungu ndiye anayeanza na ndiye anayemaliza, naye aliwachagua walio wake kabla ya kuumba ulimwengu, si kwa sababu ya wema aliouona ndani yao. Fundisho hilo halikuwa jipya kabisa, kwani Agostino, askofu wa Hippo katika Afrika ya Kaskazini, alikuwa amekwisha kuandika mengi ya namna hiyo katika karne ya tano.

Huko Uholanzi, Jacobus Arminius aliona ugumu. Ikiwa Mungu amekwisha kuchagua, mahubiri yana kazi gani, na asiyeamini ana kosa gani? Arminius alifariki mwaka 1609, na mwaka uliofuata wafuasi wake wakatoa hoja tano. Sinodi ya Dordrecht (1618–1619) ikazijibu, na kutokana na majibu hayo ndipo yalipotokea yale yanayoitwa mambo matano ya Ukalvini: upotovu wa mwanadamu, uchaguzi usio na masharti, kifo cha Kristo kwa ajili ya wateule, neema isiyoshindwa, na kudumu kwa watakatifu hadi mwisho. Tusidhani kwamba ni Waprotestanti peke yao waliogombana. Wadominiko na Wajesuiti nao walibishana vikali juu ya neema na hiari, mpaka Papa Paulo wa Tano alipoyafunga mabishano hayo mwaka 1607 bila kumpa upande wowote ushindi.

Je, mambo haya yalifikaje Buganda? Yalifika kwa njia ya mtu aliyelelewa ndani yake. Alexander Mackay alizaliwa mwaka 1849, mwana wa mchungaji wa Kanisa Huru la Uskoti katika kijiji cha Rhynie. Kanisa hilo lilijitenga na kanisa la taifa mwaka 1843, nalo lilishika Ungamo la Westminster, ambalo ni Ukalvini ulioandikwa kwa makini sana. Mackay alisomea uhandisi, akajiunga na shirika la CMS la Waanglikana wa Uingereza, akafika kwa Kabaka Mutesa mwezi wa Novemba 1878. Mwezi wa Februari 1879 wakafika Wamisionari wa Afrika, maarufu kama Mapadre Weupe, miongoni mwao akiwa Simeon Lourdel.

Katikati ya mwaka 1879 wawili hawa waligongana mbele ya Kabaka. Mackay alikuwa akiongoza sala barazani. Lourdel akakataa kushiriki, akaeleza kwa hamaki kwamba dini ya Waprotestanti si ya kweli. Kwa maelezo ya Mackay mwenyewe, Lourdel alisema kwa mchanganyiko wa Kiarabu, Kiswahili, Kiganda na Kifaransa. Hawakubishana juu ya uteule siku hiyo. Walibishana juu ya nani mwenye ukweli, na Kabaka akabaki akishangaa kwamba wazungu wana dini mbili. Jambo la kutusimamisha sisi ni lugha. Mutesa alikijua Kiswahili, na tangu 1875 alikuwa na mwalimu wa Maandiko, kijana Dallington Maftaa aliyesomeshwa na misheni ya UMCA Zanzibar na kuachwa na Stanley katika ikulu. Tafsiri za Kiswahili za Askofu Edward Steere wa Zanzibar ndizo Mackay alizozisoma na kuzifafanua mbele ya baraza. Kwa hiyo mafundisho ya Waprotestanti juu ya neema yalisikika Buganda kwa Kiswahili kabla ya kuwa na Injili iliyochapwa kwa Kiganda.

Lugha hiyo haikuwa chombo kitupu. Kiswahili kilikuwa na msamiati wa kutosha kabla ya mmisionari yeyote kufika: imani, dhambi, toba, haki, neema, rehema, kudura, majaliwa. Waislamu walikuwa katika ikulu ya Buganda kabla ya Wakristo, na Uislamu wenyewe umekuwa na mjadala unaofanana na huu tangu karne zake za kwanza. Walikuwako waliosema mwanadamu analazimishwa katika kila tendo, na waliosema ana uwezo wake kamili. Wafuasi wa al-Ash'ari wakatafuta njia ya kati, kwamba Mungu huumba tendo na mwanadamu hulichuma. Aliyesikia habari za Mungu anayechagua tangu awali hakusikia jambo geni. Alisikia swali analolijua likija na jibu lenye jina la Yesu Kristo.

Hapo ndipo hofu ilipoingia. Mackay alitumaini kwamba siku moja lugha moja itatawala Afrika ya Kati, na kwamba lugha hiyo itakuwa Kiswahili. Askofu Alfred Tucker, aliyefika Uganda mwaka 1890 baada ya Mackay kufa, aliandika katika kitabu chake cha 1908 kwamba naye angependa lugha moja, ila Mungu apishe mbali isiwe Kiswahili. Kwake Kiingereza kilimaanisha Biblia na Ukristo wa Kiprotestanti, na Kiswahili kilimaanisha Uislamu. Hukumu hiyo ilikaa muda mrefu. Gavana William Gowers alipopendekeza Kiswahili mwishoni mwa miaka ya 1920, maaskofu walipinga, na Kabaka Daudi Chwa naye akaandika kukipinga mwaka 1929. Huko Tanganyika, Karl Roehl wa misheni ya Kilutheri alitoa Biblia ya Kiswahili mwaka 1937 akijitahidi kuyapunguza maneno yenye asili ya Kiarabu. Hofu ilikuwa ile ile: kwamba neno lililozaliwa katika Uislamu haliwezi kubeba neema ya Kikristo. Mlinganyo huo haukukubaliana na mambo yalivyotokea Mutesani, ambako neno "neema" lilikuwa limekwisha kufanya kazi hiyo.

Mgogoro mwingine ulizuka mwezi wa Juni 1913 huko Kikuyu, Kenya. Wamisionari wa Kiprotestanti walikutana katika kituo cha Wapresbiteri wa Uskoti, warithi wa Calvin, kutafuta ushirikiano. Mwishoni, Askofu Peel wa Mombasa aliongoza Meza ya Bwana katika kanisa la Wapresbiteri, Askofu Willis wa Uganda naye akiwapo, na wasio Waanglikana wakashiriki. Askofu Frank Weston wa Zanzibar aliwashtaki wenzake wawili kwa Askofu Mkuu wa Canterbury kwamba wameingia katika uzushi. Uingereza nzima ikajadili habari za Kikuyu. Hata hivyo, wale waliogawanyika juu ya Meza walikuja kupatana juu ya maneno: Biblia ya Unguja ya UMCA na ile ya Mombasa ya CMS zilifuatwa na tafsiri ya pamoja, Union Version, iliyotoka kamili mwaka 1952.

Tafsiri hiyo ni hazina kwa mwalimu wa mnyambuliko. Katika Waraka kwa Warumi, watafsiri walichagua "kuhesabiwa haki". Tazama umbo lake: kitenzi hesabu, kauli ya kutendea, kisha kutendwa. Mtu hakufanywa mwema. Amewekewa haki katika hesabu yake, kama deni linavyofutwa katika daftari la dukani. Hilo ndilo fundisho la Luther na Calvin kwa neno moja. Biblia Habari Njema ya miaka ya 1990, iliyoandaliwa kwa ushirikiano wa Wakatoliki na Waprotestanti, ilitumia "kukubaliwa kuwa waadilifu", maneno ambayo kila upande unaweza kuyasoma bila kujiona umeshindwa. Kuhusu uteule, Union Version ilisema "tangu asili" na kuliacha kando neno kudura, pengine kwa kuwa kudura huwafikia watu wote na mambo yote, ilhali Paulo alikuwa akizungumza na waamini wanaoitwa kwa upendo.

Sasa turudi kwa jozi yetu. Mwezi wa Septemba 1929, Simeoni Nsibambi, Mganda, na daktari Mwingereza Joe Church walikutana Namirembe, wakasoma Biblia na kuomba pamoja. Kutokana na urafiki huo na kazi ya Gahini nchini Rwanda, uamsho ulienea Afrika Mashariki yote. Wafuasi wake Uganda wakaitwa Balokole, na undugu wa kitenzi hicho cha Kiganda na "kuokoka" yetu hauhitaji maelezo mengi. Mwaka 1941 wanafunzi 26 wa Chuo cha Bishop Tucker, Mukono, William Nagenda akiwa miongoni mwao, walifukuzwa baada ya kukaidi amri ya kuacha mikutano yao ya alfajiri na mahubiri yao. Walilalamika kwamba chuo kimelegea juu ya dhambi na msalaba.

Balokole walikuwa Wakalvini au hawakuwa? Ukiwasikiliza wakieleza jinsi mwanadamu asivyoweza kujiosha, utasema ni Wakalvini. Ukiwasikia wakimsihi jirani aamue leo, na wakiungama upya kila juma kwa hofu ya kupoa, utasema Arminius angewakaribisha. Sarufi iliwasaidia. "Nimeokoka" ni kauli ya kutendeka: inatangaza hali mpya bila kumtaja mtendaji, kwa hiyo Mkalvini na asiye Mkalvini wote waliweza kuitamka katika ushirika mmoja. "Nimeokolewa" humlazimu msemaji kujibu swali "na nani?", na jibu likishatolewa, hana tena nafasi ya kujisifu. Hatuwezi kusema "nimeokoka na Mungu". Mkalvini halisi angependa kutendwa; mlokole alipenda kutendeka; na Kiswahili kikawapa wote wawili mlango.

Lakini haya si mchezo wa viambishi tu. Huko Mbuya, mwaka 2001, parokia ya Kikatoliki ilianzisha huduma ya Reach Out kwa watu wenye virusi vya UKIMWI. Wakati huo dawa za kupunguza makali zilikuwa ghali kuliko uwezo wa wengi, na sentensi "Mungu ndiye aliyepanga" ilikuwa tayari mdomoni mwa jamaa wengi wa wagonjwa. Sentensi hiyo ina pande mbili. Inaweza kumfariji anayekufa, na inaweza kumfunga mikono anayeweza kutibiwa. Watu humlaumu Calvin kwa kufundisha ya pili. Ukweli ni kwamba aliipinga waziwazi: Mungu aliyeweka mpaka wa uhai wetu, alifundisha, ndiye pia aliyetupa busara na dawa za kuulinda, na anayezikataa haitii kudura bali anaidharau. Katika jambo hili, mapadre na wahudumu wa Mbuya na yule Mfaransa wa Geneva wangeelewana. Mungu kupanga hakumwondolei mtu kazi ya kwenda kliniki.

Kwa hiyo mwalimu anayeeleza tofauti ya "majaliwa", "kudura", "bahati" na "kuchaguliwa" hafundishi visawe. Majaliwa humtaja anayejalia; bahati haimtaji yeyote; kuchaguliwa humtaja mchaguaji na kumpa mchaguliwa wajibu. Mwanafunzi asiyejua tofauti hizo atatafsiri vibaya mahubiri, hukumu ya mahakama na maelezo ya daktari.

Kiswahili kilipewa nafasi ya lugha rasmi ya pili ya Uganda katika marekebisho ya Katiba ya mwaka 2005, na mwezi wa Julai 2022 Baraza la Mawaziri likaidhinisha kifundishwe kwa lazima katika shule za msingi na sekondari. Bado wapo wazazi wanaokiona kuwa lugha ya askari au ya dini fulani, kama Tucker alivyoona. Tusiwajibu kwa hasira. Tuwaonyeshe kwamba katika nchi hii watu walihojiana kwa Kiswahili juu ya wokovu wa roho zao tangu 1879, wengine wakiwa Waislamu, wengine Wakatoliki, wengine wana wa Calvin, na lugha haikuelemewa. Kisha tuwaweke wanafunzi wetu wanyambue kitenzi okoa, tuwaulize katika kila umbo ni nani aliyetenda.