Rithy Panh na picha iliyokosekana

Aprili 17, 1975, wapiganaji wa Khmer Rouge waliingia Phnom Penh, mji mkuu wa Kambodia, wakawafukuza wakazi wake kwenda mashambani. Miongoni mwao alikuwamo Rithy Panh, mtoto wa afisa wa elimu. Njaa na kazi za sulubu zikawamaliza wazazi wake na ndugu zake wengi. Mwaka 1979 alivuka mpaka akaingia Thailand, kisha akahamia Ufaransa, na huko Paris akasomea filamu.

Utawala wa Khmer Rouge, unaokadiriwa kuangamiza watu wapatao milioni 1.7, ulikuwa na wapiga picha wake. Walipiga kilichowapendeza wakubwa: misururu ya watu wakibeba udongo, viongozi wakishangiliwa. Hivyo mkanda uliobaki ni ushahidi wa mtesaji, na aliyeteswa hana hata picha moja ya kuonyesha. Panh ametumia maisha yake kuliziba pengo hilo.

Mwaka 2003 alitoa filamu kuhusu S-21, shule iliyogeuzwa gereza, ambamo watu zaidi ya 12,000 waliteswa kabla ya kuuawa. Aliwarudisha humo walinzi wa zamani, akawakutanisha na mchoraji Vann Nath, mmoja wa wachache walionusurika. Mlinzi mmoja anaonyesha zamu yake ya usiku ndani ya chumba kitupu: anatikisa kufuli, anapeleka maji, anawafokea wafungwa wasiokuwepo. Kinywa chake kingeweza kujitetea, lakini mikono inakumbuka kila kitu. Kamera inabaki mlangoni, kwa heshima ya waliolazwa kwenye sakafu ile.

Miaka 10 baadaye akatoa L'Image manquante, filamu kuhusu picha hiyo inayokosekana. Humo hakutumia waigizaji. Msanii Sarith Mang alichonga vinyago vya udongo, akavipaka rangi: baba mwenye suti nyeupe na tai, watoto waliokonda, umati mzima uliovaa nguo nyeusi. Vinyago havitembei, kamera ndiyo inayopita kati yao, huku msimulizi akieleza jinsi baba alivyokataa kula hadi akafa. Filamu hiyo ilishinda tuzo ya Un Certain Regard kwenye tamasha la filamu la Cannes mwaka 2013.

Wapo wanaoamini kwamba filamu ya hali halisi haina ruhusa ya kubuni picha. Panh anawajibu kwa kazi yake. Kinyago hakimdanganyi mtu. Kila mtazamaji anajua ni udongo, na kwa sababu hiyo anasikiliza. Uongo ulikuwa kwenye mikanda ya serikali, iliyopigwa kwa kamera halisi na watu halisi.

Mwaka 2006 alishiriki kuanzisha kituo cha Bophana mjini Phnom Penh, kinachokusanya filamu, picha na sauti za Kambodia ili mwananchi yeyote aingie kutazama bila malipo. Kituo kimepewa jina la mwanamke aliyeuawa S-21. Kumbukumbu ya taifa inahitaji watu wa kuitafuta, kuitunza na kuifungulia milango, na kazi hiyo haipaswi kusubiri mashahidi wa mwisho wazikwe.