Diya, Garimoshi na Hati ya Bima

Mwaka 1808, mbele ya Lord Ellenborough, aliyekuwa Jaji Mkuu wa Uingereza, alisimama mwenye nyumba ya vileo mmoja akiwadai wenye gari la farasi lililopinduka hali yeye na mkewe wamepanda juu ya dari lake. Mume alitoka na majeraha, na mke akalazwa hospitali muda wa kama mwezi mmoja, kisha akafariki. Ilielezwa kwamba alimpenda mkewe mno, tena kwamba mke huyo ndiye aliyekuwa akimsaidia kuendesha biashara. Jaji akahukumu kwamba kifo cha mwanadamu si dhara la kudaiwa fidia, na kwa hiyo mume alipwe kwa majeraha yake mwenyewe, na kwa kukosa usuhuba wa mkewe mpaka saa ya kufa kwake, si zaidi. Akapata pauni 100. Kwa kanuni hiyo, aliyemvunja mtu mguu alidaiwa, na aliyemuua akasalimika na dai la jamaa zake.

Wapwani wa Afrika Mashariki, waliokuwa wakihukumiana kwa fiqhi ya Imamu Shafii, wangaliistaajabia hukumu hiyo, kwani katika sheria waliyoijua damu iliyomwagika kwa kukosea, pasi na kusudi, ina diya, ambayo kiasi chake cha asili ni ngamia 100, nayo huwafikia warithi wa marehemu na kugawanywa kama mirathi. Ninalolistahi zaidi katika kanuni hiyo ni mlipaji wake: si mkosaji, bali ni jamaa zake wa kiumeni, waitwao akila, wanaolipa deni hilo kwa muda wa miaka 3, ili mnyonge aliyeua bila kukusudia asifilisike, wala yatima wa aliyeuawa wasikose haki yao kwa sababu ya ufukara wa mtu mmoja. Wanazuoni wametofautiana sana juu ya uhalali wa bima, nami siingii katika hitilafu yao. Lakini maana hii ya kuwabebesha wengi msiba wa mmoja ilikuwako kwetu kabla ya kampuni yoyote ya bima kufungua mlango wake.

Uingereza ililazimishwa na garimoshi kuibadili kanuni yake. Kulikuwa huko na desturi kongwe ya kwamba thamani ya chombo kilichoua hutwaliwa kwa ajili ya Mfalme, na wazee wa baraza la kuchunguza vifo, kwa kuchukizwa na makampuni ya reli, wakaifufua. Tarehe 24 Desemba 1841, garimoshi lilipogonga udongo ulioporomoka karibu na Sonning na kuwaua vibarua waliopakiwa katika mabehewa ya wazi, walitoza pauni 1,000. Lakini fedha za namna hiyo hazikuwa haki ya wajane. Mwaka 1846 Bunge likaifuta desturi hiyo, na kwa juhudi ya Lord Campbell likapitisha sheria iliyowapa mke, mume, wazazi na watoto wa marehemu haki ya kudai, mradi wadai ndani ya miezi 12. Hata hivyo, mwaka 1852 majaji walitengua pauni 4,000 alizopewa mjane mmoja, wakisema kwamba sheria hiyo hulipa riziki iliyopotea, wala hailipi huzuni.

Kwa sura hiyo kavu ndivyo sheria ilivyotufikia pamoja na utawala wa Waingereza, na makadhi wakaachiwa ndoa, talaka na mirathi. Motakaa zilipozidi, Uingereza iliwalazimisha wenye magari kukata bima kwa sheria ya 1930, na Kenya ikafuata mwaka 1945. Basi kampuni ikashika mahali pa akila. Leo hakimu hutwaa pato la marehemu, akakadiria fungu lililowafikia wategemezi, mara nyingi thuluthi mbili akiwa ameacha mke na watoto, akalizidisha kwa miaka ambayo angeendelea kuchuma. Mama aliyekuwa akikaanga samaki barazani hana hati ya mshahara, basi mara nyingi hupimwa kwa kima cha chini cha ujira, ijapokuwa nyumba nzima ilikula kwa mikono yake. Na jambo hili naliona dhuluma.

Tena, tangu marekebisho ya mwaka 2006, kampuni ya bima Kenya hailazimiki kulipa zaidi ya shilingi milioni 3 kwa dai moja. Kinachozidi hapo familia itamfuata nacho mwenye gari, ambaye huenda hana mali nyingine ila hiyo matatu iliyopondeka.